Nyuzi Zote Sauti Moja: Albamu ya 1967 Ambayo Vijana Hawaiachi

Walimu wenzangu, wazazi mliokuja kuwasindikiza watoto, na ninyi vijana mliojazana huko nyuma na magitaa mapajani: hamjambo nyote.

Nimeombwa nizungumzie albamu moja ya roki ya zamani na jinsi inavyoendelea kuwafundisha wanamuziki wachanga. Najua wengi mlitarajia niseme Beatles. Mwaka 1967 walitoa Sgt. Pepper's Lonely Hearts Club Band, albamu iliyokula miezi ya kazi studio, yenye wapiga fidla, tarumbeta na kila kilichoweza kukodishwa London. Naipenda. Lakini kijana akimaliza kuisikiliza hubaki kinywa wazi, halafu anaizima na kwenda zake, kwa sababu hana okestra wala hana miezi mitano ya kukaa studio.

Mimi nimechagua nyingine ya mwaka uleule, The Velvet Underground & Nico. Ni ya bendi ya The Velvet Underground pamoja na mwimbaji Nico. Ilitoka New York mwezi Machi 1967, nyimbo 11. Kwenye chati ya Billboard ilijikongoja hadi nafasi ya 171, ikaporomoka. Vituo vya redio havikuitaka. Jaladani kulikuwa na mchoro wa ndizi wa Andy Warhol, ganda lake stika ya kubandua, na jina pekee lililoandikwa mbele lilikuwa la Warhol. Jina la bendi halikuwepo. Mtu angeweza kuichukua dukani akidhani ni santuri ya mchoraji anayeimba.

Kuna usemi mmoja kuhusu albamu hii ambao mmeshausikia, au mtausikia kabla ya mwaka kwisha. Mwaka 1982 mwanamuziki Brian Eno aliliambia gazeti la Los Angeles Times kwamba Lou Reed, mwimbaji wa bendi hii, alimweleza kuwa albamu ile iliuza nakala 30,000 tu katika miaka mitano ya mwanzo, naye Eno akaongeza kwamba anadhani kila aliyenunua nakala mojawapo alianzisha bendi. Usemi huo umerudiwa hadi umechakaa. Hata hesabu yake ina walakini, maana taarifa ya mrabaha ya kampuni ya MGM ya Februari 1969 inataja nakala zaidi ya 58,000. Hesabu hainikeri sana. Kinachonikera ni kwamba usemi ule unaufanya ushawishi uonekane kama uchawi: unanunua santuri jioni, asubuhi unaamka una bendi. Haiendi hivyo hata kidogo. Muziki hubebwa na watu, mkono kwa mkono, na watu hao tunawajua kwa majina. Na wanachopokezana ni mbinu za kazi, vitu unavyoweza kuvishika na kuvijaribu. Hilo ndilo nililokuja kulisema leo.

Tuanze na mbinu zenyewe.

Lou Reed alikuwa kijana mwenye kazi isiyo na heshima yoyote. Aliajiriwa na Pickwick, kampuni ya santuri za bei poa, awatungie nyimbo za kuigiza chochote kilichokuwa kinavuma wiki hiyo. Mwaka 1964 akatoa humo kibao cha kuchezea dansi kilichoitwa "The Ostrich". Ni upuuzi wa kufurahisha, lakini ndani yake kuna jambo: nyuzi zote za gitaa zimetuniwa sauti moja. Kampuni ilitaka bendi ya kukipiga kibao hicho mbele ya watu, ikawatafuta vijana wenye nywele ndefu, na mmoja wao alikuwa John Cale kutoka Wales. Cale alikuwa amekwenda Marekani mwaka 1963 kwa ufadhili wa masomo ya muziki wa kisomi, akaishia kwa mtunzi La Monte Young, ambako kazi ya kila siku ilikuwa kushikilia noti moja, au mbili, kwa saa nzima na zaidi. Msomi huyu anafika kwenye wimbo wa dansi wa bei rahisi anakuta mtu ametuni gitaa vilevile wao wanavyofanya kwa jina la sanaa kubwa. Urafiki wao ulianzia hapo.

Vijana, jaribuni hili leo jioni. Chagueni noti ya re. Nyuzi zote sita zileteni kwenye re, nyingine re ya chini, nyingine ya juu. Msizikaze nyuzi nyembamba kupita kiasi, zitawakatikia usoni. Sasa pigeni. Kodi zote mlizofundishwa, yaani noti kadhaa zinazopigwa pamoja, hazifanyi kazi tena. Kuonyesha ufundi wa vidole hakuwezekani. Kilichobaki ni mvumo mpana kama wa mzinga wa nyuki, na juu yake mnaweza kuimba karibu chochote. Sikilizeni "Venus in Furs" au "All Tomorrow's Parties" mtaukuta mvumo huohuo.

Cale naye aliifanyia viola yake, ala inayofanana na fidla ila kubwa kidogo, ukatili ambao mwalimu wake wa kwanza asingeusamehe. Alitoa nyuzi za kawaida akafunga za gitaa na za mandolini, akakitinda kidaraja kinachozinyanyua nyuzi hadi kikawa bapa, ili upinde uweze kuzisugua kadhaa kwa mpigo. Ala iliyotengenezwa kuimba kwa upole katikati ya okestra ikawa inanguruma kama injini. Kwenye "Heroin" inaanza kwa kunong'ona, na dakika chache baadaye inakwaruza hadi unatamani kuziba masikio. Wimbo huo una kodi mbili tu. Mbili, kwa zaidi ya dakika saba, na kinachobadilika ni kasi na ukali. (Kuhusu mada yake: wimbo hausifu dawa za kulevya wala hauhubiri dhidi yake, unamwacha mtumiaji azungumze. Wazazi msinikasirikie, nitarudi kwenye jambo hili.)

Halafu kuna Maureen Tucker, na hapa naomba nikae kidogo kwa sababu mara nyingi anapitwa mbio.

Desemba 1965 bendi ilipata kazi ya kupiga kwenye shule moja ya sekondari huko New Jersey. Mpiga ngoma wao wa wakati huo aliposikia kwamba kuna saa ya kuanza na kuna malipo, akaona wameuza utu wao, akaondoka. Wakakumbuka kwamba rafiki yao mmoja ana dada mwenye ngoma. Tucker alikuwa na miaka 21, anafanya kazi ya kutoboa kadi za kompyuta. Hakuwa amesomea ngoma. Alijifundishia nyumbani kwa kupiga juu ya santuri, na santuri alizozipenda zilikuwa za Bo Diddley na za Babatunde Olatunji, yule Mnigeria aliyekwenda Marekani kusoma akaishia kurekodi Drums of Passion, albamu ya 1960 iliyofungua masikio ya wapiga ngoma wengi nchini humo.

Kwa hiyo Tucker hakuketi. Aliilaza ngoma kubwa ya besi juu ya kitu, uso ukaangalia dari, akasimama, akaipiga kwa vijiti vyenye vichwa vya kitambaa. Matoazi alikuwa karibu hayagusi. Aliona yanafunika sauti za waimbaji na za magitaa, na kweli yanafunika. Muulizeni yeyote anayerekodi bendi kwenye chumba kidogo. Matokeo yake ni mdundo usiopambwa, usiokatizwa na madoido kila baada ya mistari minne, unaokwenda mbele tu kama mtu anayetembea na ana anakokwenda. Ukimwondoa Tucker, ule mvumo wa Cale na Reed ungekuwa zoezi la chuoni. Yeye ndiye aliyeufanya roki.

Kwa hiyo tunapozungumzia ushawishi wa albamu hii kwa vijana, tusisahau kwamba mpiga ngoma wake mwenyewe alikuwa kijana aliyeshawishiwa, na aliyemshawishi alitoka Nigeria. Vitabu vingi vya roki huanza kuhesabu New York. Mimi nahesabu kuanzia kwa Olatunji.

Kurekodi kwenyewe nitakupitisha haraka. Sehemu kubwa ilifanyika kwa siku chache za Aprili 1966 katika studio za Scepter, New York, kwenye jengo lililokuwa katika hali mbaya kiasi kwamba baadhi ya mbao za sakafu zilikuwa zimeng'olewa. Jengo hilohilo baadaye likawa na disko la Studio 54, kwa hiyo sakafu bila shaka ilirekebishwa. Warhol aliandikwa kuwa mtayarishaji. Hakugusa mtambo hata mmoja, ila kuwepo kwake kuliwazuia mafundi wasiusafishe muziki, na katika studio huo nao ni utayarishaji. Kampuni ya Columbia waliikataa kazi. Aliyeikubali ni Tom Wilson wa Verve, tawi la MGM, Mmarekani mweusi aliyekuwa ameshamtayarishia Bob Dylan "Like a Rolling Stone". Alirudia kurekodi baadhi ya nyimbo huko Los Angeles na kuongeza "Sunday Morning".

Na si kila kitu humo ni dhahabu. "European Son" inayofunga albamu ni kelele za zaidi ya dakika saba, na mimi, pamoja na mapenzi yangu yote, huwa nainuka kwenda kufanya shughuli nyingine.

Sasa mikono.

Mkono wa kwanza ni wa meneja. Mwishoni mwa 1966, miezi kadhaa kabla albamu haijatoka, Ken Pitt alirudi London kutoka New York na nakala ya majaribio. Hakuipenda. Akampa kijana aliyekuwa akimsimamia, David Bowie, ambaye hakuwa amefikisha miaka 20. Bowie akaanza kuupiga "I'm Waiting for the Man" jukwaani wakati ambapo hapakuwa na mtu dukani aliyeweza kuununua. Mwaka 1972, yeye sasa nyota na Reed amesahaulika, Bowie alishirikiana na Mick Ronson kumtayarishia Reed albamu ya Transformer. Mwanafunzi akamrudisha mwalimu kazini. Nakala ile ilitoka kwa mtu ambaye haikumgusa ikamfikia aliyeihitaji. Ndiyo maana nawaambia walimu wenzangu: santuri usiyoipenda usiitupe, mpe mtoto.

Mkono wa pili ni wa Cale mwenyewe. Alipotoka kwenye bendi mwaka 1968 akawa mtayarishaji, na orodha yake ni karibu ramani nzima ya panki, ile roki ya kasi na fujo, kabla panki haijapewa jina. Mwaka 1969 alitayarisha albamu ya kwanza ya The Stooges, bendi ya Iggy Pop, na viola yake inasikika humo. Mwaka 1975 alitayarisha Horses ya Patti Smith. Katikati yake akamrekodi kijana wa Boston, Jonathan Richman. Huyu Richman alikuwa mtoto wa shule aliyekuwa haikosi bendi ile kila ilipopiga mjini kwao, akakaa karibu nao hadi akajua nani anashika nini na kwa nini. Alipotimiza miaka 18 alihamia New York akawa analala kwenye sofa la meneja wao. Baadaye akaunda The Modern Lovers, wakarekodi na Cale mwaka 1972 wimbo "Roadrunner", nao una kodi mbili tu. Albamu yao ilicheleweshwa hadi 1976. Sex Pistols wakaupiga wimbo huo. Mpiga kinanda wa Richman, Jerry Harrison, akaenda Talking Heads. Mpiga ngoma wake, David Robinson, akaenda The Cars. Mnaona jinsi kodi mbili zinavyosafiri.

Mkono wa tatu umevuka mpaka ambao kwa kawaida haukuvukika. Mwaka 1968 mwandishi wa tamthilia Václav Havel alikuwa New York kutazama mchezo wake ukiigizwa, akarudi Prague na santuri ya Velvet Underground. Agosti mwaka huo vifaru vya Mkataba wa Warsaw, muungano wa kijeshi ulioongozwa na Muungano wa Kisovieti, viliingia Chekoslovakia. Mwezi uliofuata vijana wa Prague wakaunda bendi, The Plastic People of the Universe, na miongoni mwa nyimbo walizokuwa wakipiga ni za Velvet Underground. Mwaka 1970 serikali iliwanyang'anya kibali cha kufanya muziki kama kazi. Wakaendelea kupiga kwa kificho, kwenye harusi na vijijini. Mwaka 1976 walikamatwa na kushtakiwa, na hasira iliyotokana na kesi hiyo ni moja ya mambo yaliyowasukuma Havel na wenzake kutoa Charter 77, tamko la kudai haki za binadamu, Januari 1977. Mwaka 1990 Havel akiwa rais, Lou Reed alikwenda Prague kumhoji, na Havel akamkabidhi kijitabu cheusi chenye maneno ya nyimbo zake yaliyotafsiriwa Kicheki kwa siri enzi za utawala ule.

Siwaambii kwamba kodi mbili ziliangusha serikali. Wapo wanaosema hivyo, na wanawakosea heshima watu waliokwenda jela. Nasema tu kwamba bendi iliyonyimwa kibali, vyombo na kumbi iliweza kuendelea kwa sababu muziki waliouchagua ulikuwa unapigika bila hivyo vyote. Hebu mpige Sgt. Pepper harusini kwa kificho!

Tusogee. Mwaka 1985 ndugu wawili wa familia ya Reid, kutoka East Kilbride huko Uskoti, walitoa Psychocandy na bendi yao The Jesus and Mary Chain. Tuni tamu za mapenzi, juu yake mlio wa gitaa unaolia wenyewe kwenye amplifaya hadi ukuta unatikisika. Mpiga ngoma wao alikuwa Bobby Gillespie. Alipiga amesimama, na ngoma mbili basi. Hakuwa fundi, wala hakujidai fundi. Alimtazama Tucker akaona kuna namna ya kufanya kazi hii bila kuwa na mikono minne. R.E.M. wa jimbo la Georgia, Marekani, walipokuwa wachanga walirekodi "There She Goes Again" na "Femme Fatale". Beck mwaka 2009 aliwakusanya marafiki wakairekodi albamu nzima kwa siku moja, na ukisikiliza unajua kweli ni siku moja.

Mwaka 2021 ikatoka I'll Be Your Mirror, nyimbo zote 11 zikiimbwa upya na wasanii wa rika mbalimbali. Ilisimamiwa na Hal Willner, aliyefariki Aprili 2020 kabla haijatoka. Michael Stipe wa R.E.M. yumo, Iggy Pop yumo, Gillespie yumo pamoja na Thurston Moore wa Sonic Youth. Hao ni wazee, tuwaheshimu. Waliolivuta sikio langu ni wadogo. Courtney Barnett wa Australia ameuimba "I'll Be Your Mirror" kama anayezungumza na mtu jikoni. Fontaines D.C., vijana wa Dublin, walichukua "The Black Angel's Death Song". Wimbo huo una historia: Desemba 1965 mwenye klabu ya Café Bizarre aliwaambia Velvet Underground wakiupiga tena wamefukuzwa kazi. Wakaupiga tena. Wakafukuzwa. Zaidi ya nusu karne baadaye kuna vijana wanaoupigania wimbo uleule uliowanyima wenzao mkate.

Niliahidi kurudi kwenye mada ya dawa. Wapo wengi waliochukua kutoka kwenye albamu hii miwani meusi, nguo nyeusi, uso wa kununa na sindano. Bendi zao siwezi kuwatajia kwa sababu hakuna anayezikumbuka. Hivyo ni vitu ambavyo havihitaji mazoezi, na ndiyo maana vilichukuliwa kwanza. Linganisheni na Richman: alikuwa akiimba waziwazi kwamba yeye hatumii kitu, anavaa kama mtoto wa shule, na hakuna aliyeielewa bendi ile kuliko yeye. Alichukua kodi mbili, mvumo, na mdundo usiokatika. Vingine aliwaachia wenyewe.

Nimemaliza maneno, na muda niliopewa nimeshauzidisha. Tutasikiliza "Heroin" kisha mtauliza maswali. Angalizo moja kwa kijana wetu wa mitambo: baada ya dakika ya tano, fujo ikiwa imepamba moto, ngoma zitanyamaza ghafla. Usikimbilie kuchomoa waya, spika ni nzima. Studio ilikuwa imejaa kelele kiasi kwamba Tucker hakuwasikia tena wenzake, akaacha kupiga akidhani na wao watasimama. Hawakusimama. Baada ya muda akaingia tena, na ndivyo santuri ilivyotoka. Haya, ongeza sauti.